Akiba ya Kuelea

Mwalimu wangu wa fizikia hakujua kuogelea. Alikulia kisiwani, akasomea ujenzi wa meli Leningrad, kisha akaishi Maskati akitazamana na bahari miaka nenda miaka rudi, lakini maji yakimfika magotini tu utamsikia anaanza Ayatul Kursi. Mwulize sasa chuma kinafanywa nini na maji ya mita mia tatu kwenda chini: atakueleza kwa utulivu wa mtu anayekufundisha kupika wali wa nazi. Nilimjua nikiwa msichana wa mikia miwili, nikamjua nikiwa mke wa mtu, nikamjua nilipokuwa si mke wa mtu tena, na katika muda wote huo sikupata kumwona akimaliza siku bila ya kutaja nyambizi.

Jina lake siliandiki hapa, na yeye mwenyewe hakulitumia sana. Darasani alikuwa Abla, kama mwalimu yeyote wa kike wa huku. Sisi tuliotoka nyumba za Kiswahili tulimwita Mwalimu, tena kwa kuringa, kwa kuwa alikuwa akitugombeza kwa lugha ambayo wenzetu hawakuielewa. Ndugu za mumewe walimwita Mrusi. Aliitika yote.

Ungemsikia kabla hujamwona. Mkono wa kulia alivaa bangili za dhahabu, nzito, za kizamani, alizoachiwa na mama yake, na hakuzivua kwa jambo lolote. Akiandika ubaoni zilikuwa zikigongana, na mlio ule ulitunyamazisha kuliko sauti yake. Alituhadithia kuwa huko Leningrad aliuza koti, akauza saa, akamaliza majira mazima ya baridi kwa viazi na chai, lakini bangili alizifunika kwa glavu za sufu akatembea nazo mpaka theluji ikayayuka. Tulipomwuliza kwa nini asiuze moja tu, alitutazama kana kwamba tumemwambia auze kidole.

Somo lake lililopata sifa lilihitaji chupa ya kahawa. Aliichukua chumba cha walimu, ile ya kawaida inayokaa kila sebule ya Oman, akaifungua kitako mbele yetu na kuitoa chupa ya kioo iliyomo ndani. Ganda la nje, alisema, kazi yake ni kupita majini. Jembamba, lina umbo zuri, likibonyea si msiba. Ganda la ndani ndimo walimo watu, na hilo ndilo linalobeba uzito wa bahari. Baina ya hayo mawili kuna matangi: ukiyajaza maji unashuka, ukiyapulizia hewa unapanda. Wamarekani, alisema, walipendelea ganda moja kwa sehemu kubwa ya chombo, kiwe chepesi na kimya. Warusi waling'ang'ania maganda mawili, kwa sababu bahari yao ina barafu juu, na chombo chao huenda kikagongwa na kutobolewa na bado kikatakiwa kirudi nyumbani. Chupa ile haikufungika tena sawasawa, na mwalimu mkuu alikunywa kahawa ya baridi muhula mzima.

Hicho kitu cha kutobolewa na bado kurudi kilikuwa na jina lake la kitaalamu, naye alilitafsiri mwenyewe: akiba ya kuelea. Ni kiasi cha maji unachoweza kuingiliwa nacho kabla hujashindwa kupanda juu. Nyambizi za Kisovieti zilipewa akiba kubwa kuliko za mataifa mengine, na tumbo lao likagawanywa vyumba vingi, kila kimoja na mlango wake wa chuma. Kikiingia maji kimoja, unakifunga, unaendelea na vilivyobaki. Mwalimu hakuiacha kanuni hiyo ndani ya kitabu. Nilipofeli mtihani wa kemia, nikalia mpaka macho yakavimba, aliniambia kuwa nimeingia maji chumba kimoja tu, nikalala vizuri usiku ule.

Usidhani alifundishwa siri za watu. Michoro ya nyambizi ilifungiwa, na mgeni, tena mwanamke, hakusogezwa hata kwenye mlango wa chumba ilimokaa. Yeye alisomea meli za mizigo. Ila alikuwa na profesa mmoja mzee, aliyetumikia nyambizi za dizeli wakati wa vita, zilipokuwa zikipenya baina ya mabomu na nyavu za chuma kutoka Leningrad iliyozingirwa. Mzee yule hakuwa na mtoto. Siku za mapumziko alimchukua mwanafunzi wake wa Kizanzibari makumbusho, akamweleza vitu vilivyokwisha kuwa vya wazi, kwa hivyo si siri ya mtu. "Siri zao wamebaki nazo," Mwalimu alikuwa akisema. "Hesabu nimekuja nayo, maana hesabu haina pasipoti."

Makumbusho hayo tuliyajua kama tumefika. Tulijua habari za seremala wa zama za mfalme Petro, aliyejenga chombo cha mbao mfano wa pipa, kikateremshwa majini, kikagonga chini na kuvuja. Tulijua kijinyambizi cha kupiga pedeli kama baiskeli, watu wamekaa wakipeana migongo, jasho linawatoka chini ya maji kwa amri ya mfalme mwingine wa baadaye. Hapo ndipo Mwalimu alipokuwa akicheka mpaka anafuta macho kwa ncha ya mtandio. Tulijua ile kubwa kupita zote zilizopata kujengwa duniani, yenye maganda mawili mazito yamelala ubavu kwa ubavu ndani ya ganda moja la nje, na humo ndani wakaweka chumba cha mvuke na kijibwawa cha kujitumbukiza. Mwenzetu mmoja aliuliza kama palikuwa na sehemu ya kusalia. Mwalimu akafikiri, akasema nafasi ipo, shida ni kukijua kibla.

Msichana mmoja aliyekuwa na fujo darasani, Mwalimu alimfananisha na ile nyambizi ya titani. Titani ni chuma chepesi kisichoshika kutu, ghali, ambacho huwezi kukichomelea hewani hivi hivi. Inabidi ukizungushie gesi isiyokiunguza. Wasovieti walijenga nayo nyambizi iliyozishinda zote kwa mbio, ikala fedha hadi wenyewe wakaibandika jina la Samaki wa Dhahabu. "Lakini ikikimbia," Mwalimu alimwambia msichana yule, "inasikika bahari nzima. Kama wewe." Siku hizi msichana yule ni daktari wa macho, na bado anaongea kama yuko juu ya paa.

Mtu huyu aliyejua yote hayo alikuwa haingii lifti. Wizarani kwetu Al Khuwair, kila alipokuja kunitembelea, alipanda ngazi mpaka juu, akafika anahema, akasema sanduku lisilo na mlango wa dharura si chombo cha kumtia mwanadamu. Alipenda nyambizi na alichukia vita. Ukimwuliza habari za makombora atakujibu kuwa hayo si sehemu ya chombo, ni mzigo, na mzigo aulizwe mwenye mzigo. Kuna wakati tulikaa ufukweni Qurum tukila mahindi ya kuchoma, akanionesha kwa kidole maji matupu. Alisema zile za kisasa za dizeli, zilizovishwa raba ili zisisikike, Warusi wameziuza nchi nyingi, na huenda ipo moja inapita hapo tulipokuwa tunapatazama. Nikamwuliza kama anaogopa. Akasema anawaonea huruma wapishi wao, kwa joto.

Mara moja tu nilimwona amevunjika. Ilikuwa mwaka ule nyambizi ya Kirusi ilipozama kule kaskazini na watu wake wote, ikajulikana kuwa wachache walibaki hai kwa muda chumba cha nyuma, wakingoja. Nilimkuta jikoni amezima jiko, chungu kina mchele mbichi. Hakusema habari ya ganda wala tangi. Alisema tu kuwa akiba ile haikutosha, na kwamba wale walikuwa watoto wa watu.

Nilipoachika mimi, wengine walikuja na pole na wengine walikuja na maswali. Yeye alikuja na chupa ya chai na kopo la jemu, kwa sababu chai aliinywa Kirusi, jemu kijikoni pembeni. Alikaa, akanimiminia, akaniuliza, "Haya, chumba gani kimeingia maji?"

Nikamwambia nyumba.

"Kazi?"

Kazi ipo.

"Mwanao?"

Yupo, amelala.

"Basi kile kifunge kwanza, mwanangu. Tutie hewa vilivyobaki." Akaniongezea jemu. Sijui nifanye nini na mapenzi ninayompenda mtu huyu isipokuwa kuyaandika.

Aliyemkosesha raha alikuwa shemeji yake, kaka wa marehemu mumewe, mstaafu mwenye tumbo, fimbo na maneno. Kila Ijumaa, familia ikikusanyika kwa chakula cha mchana Mabela, shemeji alikuwa na lake. Miaka yote ile kwa Warusi, na hatujaona hata ndoo uliyoitengeneza. Au: Mrusi, bomba la jikoni linavuja, si wewe mtaalamu wa maji. Hakuwa mtu mbaya, alikuwa mtu aliyepata mzaha mmoja akautumia miaka thelathini. Mwalimu alicheka na wengine, akaendelea kupakua wali. Lakini mimi niliyekaa karibu yake nilikuwa nikiona jinsi anavyozizungusha bangili.

Na ukweli ni kwamba shemeji aligusa palipouma. Mwalimu alifika Maskati na cheti cha Kirusi miaka ambayo cheti cha namna hiyo hukionyeshionyeshi, usije ukaitwa mkomunisti. Hapakuwa na mahali pa kumwajiri mwanamke wa kujenga meli, kwa hivyo akashika chaki. Alifundisha kupanda na kushuka kwa vyombo umri wake wote, na hakuna hata kimoja cha mkono wake kilichopata kushuka na kupanda.

Kisha macho yakaanza. Yule mwanafunzi wake wa titani, daktari, ndiye aliyempima, na kwa mara ya kwanza maishani alizungumza kwa sauti ya chini. Presha ya macho. Imekula pembeni, inaelekea katikati, dawa itaichelewesha tu. Mwalimu alimsikiliza mpaka mwisho, akamwuliza imebaki nafasi gani. Daktari akasema hawezi kuahidi mwaka. Tuliporudi garini nilimfunga mkanda. Akasema:

"Nnataka nikione kimoja. Changu mwenyewe. Kizame, kipande juu peke yake, na mimi nnakiona. Baada ya hapo macho yende yanakotaka."

Gereji ya nyumba yake ya Mabela ikageuka karakana. Gari lilitolewa likaungua juani. Alichora kwa kalamu nene kwenye karatasi kubwa, uso karibu unagusa meza, na mafundi wa mtaa wakamkatia na kumchomelea vipande alivyotaka. Chombo kilikuwa na urefu wa mtoto wa kuanza shule na unene wa chupa ile ile ya kahawa: ganda la ndani la bomba nene lililobeba betri ya mitambo, ganda la nje jembamba, matangi baina yao, kichupa cha hewa iliyoshindiliwa, na saa ya kuokea keki iliyounganishwa ili muda ukifika ifungue hewa isukume maji nje. Tundu za makombora hakuweka. Alikipaka rangi ya chungwa iliyokoza, ile ambayo jicho lake bado lilikuwa likiikamata vizuri.

Alikijaribia kwenye tangi la maji uani. Maji ya bahari ni mazito kuliko ya bomba, kwa hivyo aliniagiza chumvi, akaipima kwa mizani ya jikoni huku akitaja kiwango kutoka kichwani bila kusita. Mwenye duka aliponiona na chumvi yote ile aliniuliza kama tunatia achari ya ndimu kwa ajili ya harusi. Ndani ya tangi lile chombo kilishuka kikapanda, kikashuka kikapanda, na Mwalimu akasema sasa ni baharini.

Tulikwenda asubuhi ya Ijumaa, kabla ya sala, gati dogo la mashua upande wa Sidab. Aliichagua saa hiyo kwa sababu jua linakuwa juu ya maji na si machoni mwake. Mchana ukigeuka yeye haoni kitu. Tulikuwa mimi, daktari, na shemeji, aliyesema anakuja kuangalia mazishi. Mwalimu alikuwa amevaa abaya mpya. Hakuruhusu kamba. Daktari alimbembeleza, akamwambia uzi mwembamba tu wa nailoni, mtu hatauona.

"Nyambizi ya kamba ni ndoo ya kisima," akasema.

Tukakiteremsha. Matangi yakajaa, tukaona mapovu yakitoka kama ilivyotakiwa. Kikashuka kidogo, kikasimama. Mgongo wa chungwa ulibaki juu ya maji, unang'aa, umestarehe, hauna haraka ya kwenda popote. Saa ya keki ikalia, hewa ikasukuma maji kutoka chombo ambacho hakikuzama. Tukakirudisha, tukajaribu tena, ikawa vile vile.

"Mrusi, imekataa," akasema shemeji. "Labda inataka viza."

Nilitaka kumsukuma majini. Mwalimu alishuka ngazi za gati, akishika ukuta, Ayatul Kursi midomoni, mpaka maji yalipofika kwenye ngazi aliyosimama. Akachovya kidole. Akakilamba. Mabega yakaanza kumtikisika, nikakimbia nikidhani analia. Alikuwa anacheka.

"Nimeipima kwa bahari ya watu," akasema.

Bahari ya Leningrad, alitueleza akiwa bado anacheka, mito inamwagikia humo mpaka maji yanakaribia kuwa matamu. Kiwango cha chumvi alichokuwa nacho kichwani, kile alichokitaja bila kusita, kilikuwa cha huko. Alikihifadhi akiwa msichana na hakikumtoka. Yetu sisi inapikwa na jua mwaka mzima, ina chumvi ya kutosha na kuzidi, na maji ya chumvi nyingi yanakibeba kitu zaidi. Chombo hakikuwa na kosa. Kilikuwa chepesi tu kwa Oman.

Kilihitaji uzito, na uzito ulitakiwa ukae ndani ya ganda la ndani, katikati. Shemeji, na hapa nampa haki yake, alikwenda mwenyewe kwa wavuvi wa jirani akaleta chubwi za risasi, zile za kuzamishia mishipi. Zilikuwa nene, hazikuingia. Betri ilijaza bomba lote, pakabaki uwazi mwembamba wa duara kuizunguka. Daktari akasema twende Mabela tukarekebishe, turudi Ijumaa nyingine. Mwalimu alitazama jua. Wote tulijua macho yale hayakuahidiwa Ijumaa nyingine.

Akaninyooshea mkono wa kulia. "Nivue."

Sikuelewa, au sikutaka kuelewa.

"Nivue, mwanangu. Hakuna kitu kizito chembamba kuliko hiki hapa Maskati nzima."

Tulizivua kwa mafuta ya mkono ya daktari, moja moja, zikikwama kwenye kifundo. Chini yake ngozi ilikuwa nyeupe na laini. Zikaingia kuizunguka betri bila ya kulazimishwa. Shemeji alikuwa ameacha mzaha.

"Wee Mrusi, hizo za mama yako. Hapo mbele maji meusi, mkondo unavuta. Basi leo tu, tia kamba."

"Nimeijenga irudi," Mwalimu akamwambia. "Nikiifunga kamba, nimeijenga kwa ajili gani?"

Akafunga kifuniko kwa mkono wake, akakaza, akapapasa ukingo wote kwa kidole. Tukakiteremsha. Mapovu yakatoka. Mgongo wa chungwa ukalowa, ukapungua, ukawa mstari, ukawa rangi tu ndani ya maji, na mara hakuna. Yaliyobaki yalikuwa maji ya kijani na kelele za ndege.

Tulisimama. Muda wa saa ya keki ulipita, au mimi niliona umepita. Daktari alinishika mkono. Shemeji alikuwa akisoma kitu kimya kimya, na tasbihi yake haikutembea. Mwalimu alisimama ukingoni mikono mitupu, uso ameuelekeza upande wa kushoto, unakovuta mkondo, sisi tukitazama kulia, pale kilipozamia.

Kilitokea kushoto. Kwanza mapovu, kisha pua, kisha chote, kimeruka kikalala juu ya maji na chungwa lake, kinatiririka, kinacheza. Nikafungua mdomo nimwambie kilipo.

"Usinambie," akasema. "Nnakiona. Wallahi nnakiona."

Alipiga kigelegele. Mwanamke yule aliyetufundisha kunyamaza alipiga kigelegele kilichowasimamisha wavuvi mbali kule, na daktari akakipokea kwa sauti yake ya kawaida, ile ya titani, na mimi nikakipokea, na bandari yote ikajua kuna jambo. Shemeji hakungoja mtu. Alitupa fimbo, akateremka ngazi za gati na kanzu yake nyeupe iliyopigwa pasi ya Ijumaa, maji yakamfika kifuani, akakikumbatia chombo na kupanda nacho kwa mikono miwili kama aliyepewa mtoto mchanga.

Akakiweka miguuni kwa Mwalimu. Yeye akapiga magoti, akafungua kifuniko, akaingiza vidole viwili, akatoa bangili ya kwanza. Aliipapasa ndani na nje. Kisha hakuivaa. Alimpa shemeji kiganjani na kukikunja kiganja chake juu yake.

"Sema wewe," akamwambia.

Shemeji alisimama akitiririka maji kutoka kofia hadi viatu, labda kitu pekee pale gatini kilichokuwa kimeingia maji. Akafungua kiganja, akaifuta kwa kidole gumba, akaigeuza, akaifuta tena.

"Kavu," akasema. "Kavu kabisa, Mwalimu."